Chungu cha Salvina

Chuo chenyewe kilikuwa kichanga. Zamani palikuwa mahali pa kufundishia mabwana shamba, kisha biashara ikaachiwa huru, ushirika ukayumba, na kila mwenye majengo matatu na kengele akataka kuwa na chuo kikuu. Sisi wa Kirua Vunjo nasi tukapata chetu. Walimu wakaja na shahada zao, na kila mmoja akaja na ugonjwa wake. Nasema ugonjwa kwa sababu mtu akisomea kitu kimoja miaka mingi, kitu hicho kinamwingia mwilini, hata ukimsalimia asubuhi anakujibu kwa hicho hicho.

Hosea, mwalimu wa takwimu, alikuwa na ugonjwa wa vifo. Hakuweza kupita msibani bila kuuliza marehemu alikuwa na umri gani. Padre Damian alifundisha maadili, na kwa muda mrefu alikuwa akiandika juu ya uwongo, kama kuna siku mtu anaweza kuusema na asitende dhambi. Wanafunzi walimtania kwamba akipata jibu awaambie kabla ya mitihani. Basili alikuwa na vifukuzi, wale wadudu weusi wanaotoboa mgomba chini kwenye shina mpaka upepo mdogo tu unauangusha. Na mke wake, Dafroza, alikuwa na laana.

Dafroza alisomea mila. Aliandika kuhusu viapo vya Wachagga, na zaidi ya yote kuhusu kuvunja chungu. Ukitendewa ubaya na mtu usiyemjua, wazee wanatangaza sokoni na kumpa mhusika muda wa kujitokeza. Asipojitokeza, chungu kinavunjwa kwa maneno mazito, na ubaya unamrudia aliyeutenda, yeye na ukoo wake, mmoja baada ya mwingine. Dafroza alikuwa amewahoji wazee wa mlima wote, kuanzia Rombo mpaka Machame. Alijua maneno, alijua udongo wa chungu unatoka wapi, alijua nani asimame upande gani. Lakini chungu chenyewe kikivunjwa hakuwahi kukiona hata mara moja. Watu walikuwa wameacha. Walikwenda polisi, au walikwenda kwa wahubiri wa mahema, au walinyamaza wakafa na donge moyoni. Mama wa watu alikuwa bingwa wa jambo asilolijua kwa macho, na lilimnyima raha.

Halafu ng'ombe wa Salvina akafa.

Salvina alikuwa mjane, na kihamba chake, shamba la nyumbani la migomba na kahawa, kilipakana na shamba la majaribio la chuo. Miaka ile bei ya kahawa ilikuwa imeanguka mpaka watu wanaacha buni ziozee mtini. Kwa Salvina kilichobaki ni ng'ombe mmoja wa maziwa, aliyefungwa bandani na kukatiwa majani kama mfalme. Maziwa yake yalikwenda Himo kila asubuhi, na yalisomesha watoto. Siku hiyo alimkuta chini, mate yanamtoka, mwili wote unatetemeka, na jua lilipopanda alikuwa amekwisha. Bwana mifugo akaja, akamfungua mdomo, akasema hii ni sumu, msile nyama yake, mfukieni.

Sumu? Nani amtilie ng'ombe wa mjane sumu? Macho yote yakamgeukia Scola.

Scola alikuwa wifi yake Salvina, dada wa marehemu mumewe. Aliolewa Kahe, ndoa ikamshinda, akarudi nyumbani, na kaka yake akampa pembe moja ya kihamba ajenge kibanda. Kaka alipofariki, mawifi wawili wakagombania migomba ya mpakani mpaka salamu zikakatika. Sasa jioni moja kabla ya ng'ombe kufa, Scola alionekana na majirani akiingia bandani kwa Salvina na kapu la maganda ya ndizi. Mwenyewe alieleza kwamba alichoka na ugomvi. Aliona vibaya kuanza na maneno, akaona aanze suluhu kwa kumlisha ng'ombe. Majirani wakasikiliza maelezo hayo, wakatazamana. Kikulacho ki nguoni mwako, wakasema.

"Mimi simtaji mtu," Salvina alisema mbele ya wazee. "Chungu kitamtaja."

Mzee Sirili, aliyekuwa mkubwa wa wazee wa mtaa ule, akatangaza sokoni. Aliyefanya ajitokeze kabla ya soko lijalo, la sivyo chungu kitavunjwa.

Habari ilimfikia Dafroza akiwa darasani. Moyo wake uliruka kwa furaha, na papo hapo akaona haya, maana jirani yake alikuwa analia. Haya zenyewe hazikukaa sana. Mchana ule ule alikwenda kwa Mzee Sirili na kinasa sauti chake mkobani.

"Shikamoo, meku."

"Marahaba, mwalimu. Najua kilichokuleta." Mzee alicheka. "Umetusumbua miaka yote na maswali ya chungu. Njoo basi ukakione."

Jioni Basili hakula. Aliukandakanda ugali wake kama mtoto mgonjwa, na Dafroza, ambaye mdomo haukufunga kwa habari za chungu, hakuona mpaka sahani ilipopoa.

"Baba Victoria, mbona huli?"

"Yule ng'ombe alikula nini?"

"Maganda ya Scola, ndivyo wanavyosema."

"Na nini kingine?"

Kwa namna alivyouliza, Dafroza akaweka kijiko chini.

Basili akaeleza. Alikuwa anajaribu dawa mpya ya vifukuzi, iliyoletwa na wakala mmoja wa mjini. Enzi za ushirika dawa ilikuwa moja na kila mtu aliijua. Sasa kila mwenye pikipiki alikuwa na chupa yake, na mawakala waliwatafuta walimu wa vyuo ili dawa zao zipate jina. Alikata magogo ya migomba, akayapasua, akayapaka dawa upande wa ndani, akayalaza chini ya mashina ili vifukuzi waje wanuse na kufa. Majaribio yalipokwisha, mapande yale yalitakiwa kuzikwa. Wanafunzi walikuwa wameshakwenda likizo. Yeye alikuwa anawahi mjini kwa yule wakala. Akayakusanya, akayaweka kando.

"Kando wapi?"

"Uzioni."

"Uzio wa upande wa Salvina?"

Basili akaisukuma sahani pembeni.

Kwa msomaji asiyetoka mlimani niseme kidogo. Huku kwetu gogo la mgomba lililokatwa likawekwa uzioni ni maneno kamili. Linasema: jirani, chukua ukamlishe ng'ombe. Hakuna anayeuliza, hakuna anayeshukuru, unachukua tu, na kesho wewe nawe unaweka lako. Basili alikua akiyabeba magogo hayo kichwani. Mgeni kutoka nje angefuata maelekezo ya chupa, angechimba shimo. Ni Mchagga peke yake anayeweza kuyasukuma uzioni bila kuwaza, mkono ukifuata mazoea huku akili iko Moshi mjini. Na Salvina naye hakuweza kuyashuku hata kwa ndoto. Magogo ya walimu yatakuwa na nini?

"Kesho naenda kumwambia," Basili alisema.

Hapo ndipo Dafroza alipaswa kusema, nenda, nami nakuja na wewe. Alilijua jambo hilo wakati ule ule, si baadaye. Badala yake akasema, "Subiri kwanza."

Akatoa sababu, na zote zilikuwa za kweli. Wakala angemruka Basili. Chuo kilikuwa na miaka michache tu, kingepokonywa shamba. Mkataba wa Basili ulikuwa haujapitishwa. Watoto wa watu wangekosa mwalimu. Alizipanga vizuri kama anayefundisha, na chini ya sababu zote hizo palikuwa na moja ambayo hakuitaja. Basili akienda kesho, chungu hakitavunjwa.

"Na kikivunjwa?" Basili aliuliza. "Victoria yuko shuleni huko, hana hili wala lile."

"Wewe si mwanasayansi?"

"Mwanasayansi, ndiyo. Lakini nilizaliwa hapa hapa Kirua."

"Hakitavunjwa juu yetu. Utasimama siku yenyewe, kabla. Mila inaruhusu mpaka dakika ya mwisho, nimeiandika mimi mwenyewe."

Basili alimtazama mke wake. Sidhani kama hakuelewa. Walikuwa wameoana siku nyingi, na yeye mwenyewe alijua maana ya kumsubiri mdudu atoke.

Kesho yake chai ya saa nne katika chumba cha walimu ilikuwa na kelele kuliko kawaida. Hosea alikuwa ameshapanga utafiti mzima kichwani.

"Tuchukue koo ambazo zimevunjiwa chungu na koo ambazo hazijavunjiwa, tulinganishe vifo," alisema. "Ila nawaambia mapema, watu watakufa pande zote mbili. Dua la kuku halimpati mwewe."

"Mwewe wako ana mshahara," Padre Damian alimjibu. "Yule mama Scola ana kibanda na jembe. Chungu kikivunjwa hata asipokufa, amekufa. Nani atamsalimia?" Akamgeukia Dafroza. "Mwalimu, Mzee Sirili anakusikiliza wewe. Mimi nikienda atasema padre anaona wivu. Mwambie aahirishe, watu wapoe, tutafute ukweli kwa utaratibu."

Ukweli ulikuwa umekaa palepale mezani, umeshika kikombe. Basili aliinama.

"Padre, tusiwadharau watu," Dafroza alisema. "Hii ni mahakama yao. Ina hatua zake, ina rufaa yake. Sisi wasomi ndio tuliowafundisha kuiona haya." Akaendelea hivyo, akasema vizuri, sauti ikapanda, hata Hosea akaacha utani. Alipomaliza, Padre Damian alisema labda ana haki, labda yeye ndiye amezoea kanisa tu. Dafroza alikunywa chai yake ikiwa ya baridi na aliona aibu ikimpanda shingoni, kwa sababu kila alichosema alikiamini, na alikuwa amekitumia kama mtu anavyotumia kanga kujifunika.

Siku mbili kabla ya soko, Scola alikuja ofisini kwake. Alikuwa mwanamke mrefu, mkavu, wa maneno machache, na alikaa kwenye ukingo wa kiti kama anayeogopa kukichafua.

"Mwalimu, watu wanasema wewe ndiye unayekijua chungu kuliko wazee."

"Wananisingizia, dada Scola."

"Nina swali. Kikivunjwa, kinakwenda kwa aliyefanya tu?"

"Kwa aliyefanya na ukoo wake."

"Mimi sikufanya." Alisema bila kulia, kama anayetaja jina lake. "Lakini usiku banda lile hufungwa kwa ndani. Mgeni angepitia wapi? Nimefikiri mpaka kichwa kinauma. Ni mtu wa nyumbani. Labda mmoja wa wale vijana wa Salvina, alikosea dawa ya kupe, anaogopa kusema. Sasa kama ni mtu wa nyumbani, watoto wa kaka yangu wamo?"

Hapo mlango ulikuwa wazi kabisa. Dafroza alihitaji maneno matano tu. Aliyahisi yamefika kooni, na pamoja nayo akamwona mume wake amesimama mbele ya soko, na mkataba, na wakala, na chungu kikirudishwa ndani kizima. Akajibu lile aliloulizwa, kwa usahihi, kama kwenye mtihani.

"Wamo. Chungu hakichagui mtoto."

"Na aliyefanya akikiri kabla?"

"Chungu hakivunjwi. Analipa, wanapatana, yanakwisha."

"Akikiri tu?"

"Akikiri tu."

Scola akashukuru. "Aika mae," alisema, akatoka, na Dafroza akakaa akiutazama mlango. Alijiambia kwamba hakusema uwongo hata neno moja.

Siku yenyewe watu walijaa uwanja wa pembeni ya soko mpaka kwenye mfereji. Chungu kilikuwa kidogo, cheusi, cha kawaida kabisa, kimewekwa juu ya majani ya mgomba, na utulivu uliokizunguka Dafroza hajawahi kuusikia hata kanisani Ijumaa Kuu. Salvina alisimama upande mmoja na watoto wake. Scola alisimama peke yake. Kinasa sauti kilikuwa kinazunguka ndani ya mkoba, na Dafroza alikuwa na furaha na hofu, asijue ipi ni ipi.

Mzee Sirili alianza kuita mababu. Yalikuwa maneno ambayo Dafroza aliyajua kwa kuhadithiwa, lakini hakujua kwamba mzee huyatoa tumboni, wala kwamba watu huitikia kwa pumzi bila sauti. Hakuna mzee aliyewahi kumwambia hilo la pumzi. Alitaka kulia. Kando yake Basili alikohoa, akavua kofia, akaanza kunyanyuka.

Dafroza akamshika koti.

"Subiri kidogo," alinong'ona. "Hajafika kwenye chungu. Acha akinyanyue kwanza."

Basili akasita, nusu amesimama, nusu amekaa. Ilikuwa ni nafasi ya pumzi moja. Mzee Sirili akainama, akaweka mikono miwili kwenye chungu, na kutoka upande wa pili sauti kavu ikasema, "Kiacheni."

Scola alikuwa amepiga magoti.

"Ni mimi. Nilitia sumu kwenye maganda. Nilikuwa na hasira ya migomba. Naomba msamaha kwa wifi yangu na kwa watoto wa kaka yangu."

Uwanja mzima ukashusha pumzi. Wanawake wakaanza kulia. Salvina alisimama kama aliyepigwa, kisha akatembea mpaka pale, akapiga magoti naye, wakashikana mabega, na watu ambao dakika chache zilizopita walitaka damu wakawa wanapiga vigelegele. Basili alikaa. Koti lake lilikuwa bado limeshikwa. Dafroza alipofungua vidole, aliona vimeacha alama kwenye kitambaa.

Nyumbani Basili alisema, "Nilikuwa nimeshanyanyuka," na akalirudia hilo jioni nzima, si kwa kumlaumu, kwa kushangaa tu. Dafroza angependelea alaumiwe.

Asubuhi yake alikwenda kwa Scola. Alimkuta akimfungua mtamba wake, ng'ombe jike mchanga aliyemlea tangu ndama, pekee aliyekuwa naye. Wazee walikuwa wameamua ampeleke kwa Salvina. Dafroza akamweleza yote, wamesimama pale bandani: magogo, dawa, uzio. Akamwambia kwamba walijua. Akamwambia kwamba alijua siku ile ofisini.

Scola alisikiliza akiwa ameshika kamba. Uso haukubadilika mpaka aliposikia la ofisini. Hapo alifumba macho, akayafumbua.

"Kwa hiyo haikuwa mtu wa nyumbani," alisema.

"Hapana."

"Watoto walikuwa salama tangu mwanzo."

"Ndiyo. Nisamehe, dada Scola. Nakwenda kwa Mzee Sirili sasa hivi, nitasema mbele ya watu wote."

"Huendi popote."

Dafroza akadhani hakusikia vizuri.

"Nimeapa uwongo mbele ya chungu, mwalimu. Mbele ya mababu. Wewe unayeyajua haya, niambie, wakijua watanifanya nini? Na Salvina? Jana nimekula kwake. Ni mara ya kwanza tangu tumzike kaka. Watoto wameniita shangazi. Ukisema, yeye atajua nilimlilia machozi ya uwongo, nami nitarudi kuwa mtu wa kibanda." Alivuta kamba, mtamba akatoka. "Maji yakimwagika hayazoleki. Niachie nilichookota."

Akaondoka na mnyama wake kuelekea kwa Salvina. Dafroza alibaki bandani, na akaliona jambo moja. Ombi lile lilimfaa. Lilimfaa kabisa, kama gauni lililoshonwa kwa vipimo vyake. Mkataba ulikuwa salama, mume alikuwa salama, na amri ya kunyamaza ilikuwa imetoka kwa yule yule aliyeonewa. Alijisikia nafuu, na nafuu hiyo ndiyo aliyoichukia kuliko yote.

Miezi ikapita. Basili aliacha vifukuzi. Alimwambia mkuu wa idara kwamba sasa anavutiwa na mmomonyoko wa udongo, na wenzake wakamtania kwamba amewaachia wadudu washinde. Ripoti ya dawa hakuimaliza, na wakala akatafuta mwalimu mwingine. Kila jioni alichimba mashimo kule shambani, akazika hata majani makavu yasiyo na kosa.

Dafroza naye aliandika. Nani angeweza kumzuia? Kanda ilikuwepo, sauti ya Mzee Sirili ilikuwepo, pumzi za watu zilikuwepo. Mwanzoni aliapa hataigusa. Kisha Hosea akauliza, Padre Damian akauliza, mkuu wa chuo akauliza, na kutokuandika kukaanza kuonekana kama kukiri. Akaenda kusoma karatasi yake Dar es Salaam kwenye mkutano wa wasomi, juu ya chungu kisichovunjwa, jinsi tishio lake peke yake linavyoutoa ukweli mahali ambapo polisi wameshindwa. Watu walipiga makofi. Profesa mmoja mzee alisema hajasikia ushahidi safi kama huo.

Mtamba alipozaa, Salvina akapika mbege, pombe ya ndizi na ulezi, na kuwaalika majirani wamwone ndama. Walimu walialikwa pia, na walikuja, isipokuwa Basili aliyesema ana homa. Watu walikaa kwenye viti na magogo chini ya migomba, ndama akasifiwa mpaka akachoka. Scola ndiye aliyekuwa anagawa pombe. Alikuwa amenenepa kidogo. Watoto wa Salvina walimzunguka, shangazi huku, shangazi kule, na Dafroza alianza kufikiri kwamba labda Scola aliona mbali kuliko wote, labda kweli yamekwisha.

Scola akajaza kata, akaipeleka kwa mzee wa kwanza. Kwetu anayetoa mbege huionja mwenyewe kabla ya kumpa mgeni. Ni adabu tu, siku hizi wengi hugusisha midomo na kupitisha. Scola akagusisha midomo, akanyoosha mkono. Mzee hakupokea.

"Onja vizuri, wifi!" Salvina aliita kutoka mlangoni, anacheka. "Wewe tunakujua!"

Watu wote wakacheka. Kilikuwa kicheko chema cha mawifi waliopatana, na ilionekana wazi kwamba utani huo haukuanza siku hiyo. Scola naye alicheka. Akanywa mafunda mawili makubwa, akafuta mdomo, akafungua kinywa kuonyesha kwamba amemeza. Ndipo mzee akapokea. Kwa wa pili akafanya hivyo hivyo. Kwa wa tatu pia. Watoto wa kaka yake mwenyewe, wale aliowapigia magoti, walikuwa wanahesabu mafunda kwa sauti na kufurahi. Hakuna aliyekuwa na nia mbaya. Hakuna pia aliyepokea kabla hajameza.

Alipofika kwa Dafroza alikuwa na jasho usoni na macho yameanza kulegea. Akainua kata mdomoni.

Dafroza aliinuka. Maneno yalikuwa yamefika kooni tena, yale yale, na watu wote walikuwa hapo, Mzee Sirili, Salvina, Padre Damian. Scola akamtazama juu ya kata, akatikisa kichwa kidogo sana. Dafroza akanyoosha mikono miwili, akaichukua kata kabla haijagusa midomo ya Scola, na akainywa yote bila kupumua, mbege ikimchuruzika kidevuni.

Kisha Padre Damian akaanza kupiga makofi, na wengine wakafuata. Salvina alitoka mlangoni akaja kumkumbatia, machozi yanamlengalenga.

"Mwalimu, umetufundisha," alisema kwa sauti ya kusikika na wote. "Katika sisi hapa hakuna mwenye moyo safi kama wako."

"Asante," Dafroza alisema.